Tarjumani wa Ubalozi: Maisha ya Friedrich Rosen na Kazi ya Kuwa Mdomo wa Ujerumani Ugenini

Tarehe 25 Agosti 1921, mjini Berlin, ulitiwa saini mkataba uliorudisha amani kati ya Ujerumani na Marekani. Kwa upande wa Marekani alisaini Ellis Loring Dresel. Kwa upande wa Ujerumani alisaini waziri wa mambo ya nje, Friedrich Rosen, aliyebakiza siku tano tu atimize miaka 65. Mwaka 1890 mtu huyuhuyu aliajiriwa na wizara hiyohiyo kwa cheo cha tarjumani, akapelekwa Beirut.

Leo tunaweza kuisoma habari hiyo tukaona ni mtumishi aliyepanda ngazi kama wengine. Zama zake haikuwa hivyo. Utumishi wa nje wa Dola ya Ujerumani ulikuwa na milango mitatu. Mlango wa kwanza ulikuwa wa wanadiplomasia wenyewe, na wengi wao walikuwa watoto wa makabaila wenye mali, maana kijana alitakiwa ajitegemee kwa fedha za nyumbani miaka ya mwanzo. Wa pili ulikuwa wa mabalozi wadogo, walioshughulikia biashara, meli na raia waliokwama ughaibuni. Wa tatu ulikuwa wa matarjumani. Kila mmoja alitarajiwa kuzeekea chumba alichoingilia. Tarjumani akibahatika sana angeishia kuwa balozi mdogo katika mji fulani wa Mashariki. Kufika hadi kiti cha waziri ni jambo ambalo hakuna aliyemtabiria.

Nimechagua kuieleza kazi hii kupitia maisha yake kwa sababu watu wengi bado wanamwona mfasiri wa ubalozi kama karani anayejua lugha mbili: anapewa karatasi ya Kijerumani, anarudisha ya Kiarabu, basi. Ukifuata maisha ya Rosen na ukoo wake unaona kwamba swali la lugha katika diplomasia ni swali la nani unayemwamini kukusemea.

Tuanze na majina, kwa sababu Kiswahili kinatusaidia kuliko lugha nyingi. Tunaye mfasiri, anayeshughulika na maandishi. Tunaye mkalimani, anayeshughulika na maneno ya mdomo. Na tunaye tarjumani, neno la zamani zaidi, linalowabeba wote wawili. Limetoka katika Kiarabu. Wafanyabiashara wa Kiitaliano waliokuwa Istanbul walilichukua neno hilohilo wakalitamka kwa ulimi wao, dragomanno, na kutoka kwao likaenea Ulaya nzima hadi Wajerumani wakawa na cheo rasmi cha Dragoman. Kwa hiyo cheo cha Rosen kilikuwa neno letu lililovaa nguo za Kizungu. Neno balozi nalo lilipita njia hizohizo. Mwakilishi wa Venice mjini Istanbul aliitwa bailo, Waturuki wakamwita balyoz, neno likashuka hadi Ghuba, na Waswahili wakalipokea likiwa balozi. Maneno haya mawili yalikutana katika mji mmoja, katika ofisi ambazo balozi aliketi juu na tarjumani akasimama mlangoni.

Katika Dola ya Uthmania, ile ya masultani wa Kituruki iliyotawala Istanbul na Beirut, kutafsiri kulikuwa sehemu tu ya kazi ya tarjumani. Kwa mikataba ambayo masultani waliwapa mataifa ya Ulaya, raia wa kigeni hakuweza kusikilizwa kesi yake mbele ya mahakama ya Sultani bila tarjumani wa ubalozi wake kuwapo. Chukua mfano wa mfanyabiashara Mjerumani wa Beirut anayedaiwa na mwenyeji wa mji huo fedha za shehena ya hariri. Hakimu anaongea Kiarabu au Kituruki, na mfanyabiashara haelewi kitu. Tarjumani anaketi hapo, anasikiliza kila shahidi, anampelekea mteja wake maneno, na akiona utaratibu umevunjwa anapinga na kuondoka. Akiondoka, kesi inasimama. Alikuwa mkalimani, nusu wakili na shahidi wa serikali yake kwa wakati mmoja.

Asubuhi inayofuata mtu huyohuyo alitumwa kwenye ofisi za serikali ya Sultani kupeleka ujumbe wa balozi. Balozi mwenyewe, mara nyingi, hakujua hata kusalimia kwa Kituruki. Alimweleza tarjumani kwa Kijerumani au Kifaransa anachotaka kisemwe, kisha akabaki akingoja jibu. Kati ya kinywa cha balozi na sikio la waziri wa Sultani kulikuwa na mtu mmoja. Neno kali angeweza kulilainisha ili asiharibu uhusiano aliojenga kwa miaka kumi. Neno laini angeweza kulikaza. Balozi asingejua.

Hapo ndipo penye fundo la suala zima. Kwa karne nyingi balozi za Ulaya mjini Istanbul zilitegemea familia za wenyeji, Wagiriki na Wakatoliki wa mtaa wa Pera, ambao walirithishana kazi ya utarjumani kutoka baba hadi mwana. Walizijua lugha, walizijua njia za siri za ikulu, walijua nani apewe zawadi na nani asipewe. Lakini wengi wao walikuwa raia wa Sultani. Siku Sultani akikasirika, shingo zao ndizo zilizokuwa karibu. Na tarjumani aliweza kuwa na binamu katika ubalozi wa taifa pinzani. Wahenga wetu wamesema nguo ya kuazima haisitiri matako. Mdomo wa kuazima nao ni hivyohivyo. Ufaransa iliona hatari hiyo mapema, ikaanza kusomesha vijana wake wa lugha mwaka 1669. Austria ikafungua chuo chake Vienna mwaka 1754. Wajerumani walichelewa, na kwa muda mrefu waliishi kwa bahati ya kupata wasomi wachache waliozipenda lugha hizo kwa hiari yao.

Mmoja wa wasomi hao alikuwa baba yake Friedrich. Georg Rosen alizaliwa mwaka 1820, akasoma lugha za Mashariki, na mwaka 1844 akaenda Istanbul kuwa tarjumani wa ujumbe wa Prussia, dola ya Wajerumani ya kabla ya nchi yao kuungana. Kaka yake mkubwa, Friedrich August, alikuwa tayari amejijengea jina London kwa kuchapisha mwaka 1831 kitabu cha aljebra cha al-Khwarizmi pamoja na tafsiri yake ya Kiingereza. Georg naye alitafsiri mashairi ya Rumi kwenda Kijerumani. Mwaka 1852 akateuliwa balozi mdogo wa Prussia mjini Yerusalemu, akakaa huko hadi 1867.

Friedrich alizaliwa Leipzig tarehe 30 Agosti 1856 lakini akakulia Yerusalemu. Mama yake alikuwa binti wa mpiga piano mashuhuri Ignaz Moscheles, mtu aliyeishi London miaka mingi, hivyo Kiingereza kilikuwa nyumbani. Kijerumani kilikuwa cha baba na ofisi. Kiarabu kilikuwa cha mji. Mtoto aliyekua hivyo hahitaji kufundishwa kwamba jambo moja lina sura tatu. Analiona kila siku anapotoka sebuleni kwenda sokoni. Naamini hili lilimsaidia kuliko shahada yoyote. Tarjumani aliyejifunza lugha ukubwani anajua maana ya maneno. Aliyeishi ndani yake anajua pia ukimya: lini mtu anaponyamaza amekubali, na lini amekataa kwa adabu.

Baada ya masomo yake, Rosen alikwenda India, akawa mwalimu wa watoto wa Lord Dufferin, mwakilishi wa Malkia wa Uingereza huko. Alirudi na Kihindustani, na alifika Berlin wakati mwafaka. Mwaka 1887 ilifunguliwa katika Chuo Kikuu cha Berlin shule maalumu ya lugha za Mashariki, ikiongozwa na Eduard Sachau. Kansela Bismarck alitaka matarjumani wake mwenyewe, waliozaliwa Ujerumani na kula kiapo kwa Ujerumani. Rosen akawekwa kufundisha Kihindustani.

Miongoni mwa lugha zilizofundishwa tangu mwanzo kilikuwamo Kiswahili, mezani pamoja na Kichina, Kijapani, Kiarabu, Kiajemi na Kituruki. Sababu yake kila mwanafunzi wa Tanzania anaijua, hata kama hakuwahi kuisikia ikielezwa kwa upande huu. Tarehe 29 Novemba 1884, huko Msovero katika Usagara, Carl Peters alimwekea Mangungo karatasi iliyoandikwa kwa Kijerumani. Karatasi ilisema kwamba Mangungo anaitoa nchi yake, pamoja na haki zake zote, kwa chama cha ukoloni cha Wajerumani. Mangungo akaweka alama yake. Tarehe 27 Februari 1885 Kaisari akazikinga karatasi za namna hiyo kwa barua ya ulinzi, na nchi ikahesabika imechukuliwa.

Jina la Mangungo limebaki katika mazungumzo yetu kuwa mfano wa kiongozi anayesaini asichokielewa. Mimi nadhani tunamwonea. Tukiitazama meza ile kwa macho ya mtu wa kazi ya ukalimani, kosa linaonekana liko mahali pengine. Mkalimani aliyekuwapo alikuja na mgeni na alilipwa na mgeni. Hakuna aliyekaa upande wa mwenyeji mwenye uwezo wa kusoma Kijerumani na kusema, "Mzee, subiri, neno hili si urafiki, ni umiliki." Hakukuwa na maandishi mawili yenye nguvu sawa. Siku hizi Mkataba wa Vienna wa 1969 kuhusu sheria ya mikataba unasema, katika ibara ya 33, kwamba mkataba uliothibitishwa kwa lugha mbili au zaidi una nguvu sawa katika kila lugha, isipokuwa pande zenyewe zimekubaliana vingine. Ibara hiyo fupi ndiyo ngao ambayo Msovero haikuwa nayo.

Shule ya Berlin ilifundisha kwa jozi. Mwalimu Mjerumani alieleza sarufi, na pembeni yake alikaa mwenyeji wa lugha, aliyesoma kwa sauti, akazungumza na wanafunzi, akasahihisha matamshi. Walipita hapo Waswahili kadhaa. Sleman bin Said na Amur bin Nasur walitangulia, na mwaka 1900 akafika Mtoro bin Mwinyi Bakari kutoka pwani ya Bagamoyo. Aliyekuwa akifundisha naye, Carl Velten, alikuwa amewahi kuwa mkalimani wa serikali ya Kijerumani Dar es Salaam katika miaka ya 1890. Kutoka kwa Mtoro tumepata maelezo marefu ya desturi za Waswahili yaliyochapishwa mwaka 1903, ambayo hadi leo hakuna mtafiti wa pwani anayeweza kuyaruka.

Mtoro alioa mke Mjerumani Berlin. Mwaka 1905 walisafiri pamoja kurudi kwao. Meli ilipofika Dar es Salaam, wakubwa wa koloni wakawakataza wanandoa hao wasishuke pamoja, mume Mwafrika na mke Mzungu. Wakarudi Ujerumani, na Mtoro akafia huko mwaka 1927. Huyu ndiye aliyewafundisha maofisa wao kusema "hodi" kabla ya kuingia nyumba ya watu. Naitaja habari yake hapa kwa sababu inaeleza bei ya kazi hii kuliko kifungu chochote cha sheria: dola iliuhitaji ulimi wake, lakini haikumtaka yeye.

Rosen, kwa upande wake, alikuwa na rangi na uraia uliomfungulia njia. Alitoka Beirut akaenda Tehran, na miaka yake ya Uajemi ndiyo iliyomfanya awe tarjumani kamili. Wasomi wa Ulaya wakati huo walijifunza Kiajemi cha washairi Saadi na Hafidh, lugha nzuri ya karne nyingi nyuma, kisha wakafika Tehran wakashindwa kununua mkate. Rosen aliandika kitabu cha kufundisha Kiajemi kinachosemwa, na kwa mazoezi ya kusoma akachukua vipande vya shajara za safari za Shah Nasir al-Din mwenyewe. Uamuzi huo unaonyesha akili ya kazi. Ukitaka kumwelewa mfalme, msome anavyoandika akiwa safarini, anavyolalamika juu ya barabara na kusifu matunda.

Nyumbani kwake Tehran alifika mwaka 1892 msichana wa Kiingereza aliyeitwa Gertrude Bell, rafiki wa mkewe Nina. Miaka michache baadaye, Rosen akiwa balozi mdogo Yerusalemu baada ya kufungua ofisi Baghdad mwaka 1898, Bell alikwenda kukaa karibu nao ili ajifunze Kiarabu. Huyo ndiye Bell aliyekuja kuwa na mkono katika kuundwa kwa dola ya Iraki.

Safari iliyomtoa Rosen katika chumba cha matarjumani kwa hakika ni ile ya Ethiopia. Mwanzoni mwa 1905 aliongoza ujumbe wa Kaisari kwenda kwa Menelik II, akipitia Djibouti na Harar hadi Addis Ababa. Tarehe 7 Machi 1905 ukasainiwa mkataba wa urafiki na biashara.

Ili kuelewa uzito wa meza ile, lazima urudi nyuma hadi tarehe 2 Mei 1889, siku Menelik aliposaini na Italia mkataba wa Wuchale. Ibara yake ya 17 kwa Kiamhari ilisema mfalme anaweza, akipenda, kuitumia serikali ya Italia katika mashauri yake na mataifa mengine. Kwa Kiitaliano ilimfunga kuitumia. Kitenzi kimoja. Kwa kitenzi hicho Italia ikaitangazia Ulaya kwamba Ethiopia iko chini ya ulinzi wake. Menelik akaukana mkataba mwaka 1893, na tarehe 1 Machi 1896 majeshi yake yakawashinda Waitaliano huko Adwa. Maelfu ya watu walikufa pande zote. Sisemi vita vile vililetwa na mfasiri peke yake; Italia ilikuwa na tamaa yake. Lakini tamaa ilipata mlango katika tofauti kati ya "anaweza" na "anapaswa".

Rosen aliketi mbele ya ikulu hiyo miaka tisa baada ya Adwa, mbele ya watu waliolijua hilo kwa damu. Kumpeleka mtu aliyelelewa katika utarjumani ulikuwa uamuzi wa busara. Moja ya matunda ya safari yake ni kwamba mwaka uliofuata msafara wa wanaakiolojia wa Kijerumani chini ya Enno Littmann ulikwenda kuchunguza magofu ya Aksum kwa ridhaa ya Menelik.

Mambo yalikwenda haraka baadaye. Septemba ya mwaka huohuo wa 1905 alikuwa Paris akijadiliana na Mfaransa Paul Révoil juu ya ajenda ya mkutano wa Moroko. Kisha akawa mwakilishi wa Ujerumani Tangier hadi 1910, halafu Bucharest, halafu Lisbon. Lisbon ndiko alikokabidhi, tarehe 9 Machi 1916, tangazo la Ujerumani la vita dhidi ya Ureno. Mtu aliyezoea kutafuta neno lisiloumiza akapewa karatasi ambayo hakuna tafsiri ingeilainisha. Baada ya hapo alihudumu Uholanzi, na mwaka 1921 akawa waziri, kwa miezi mitano tu.

Vita Kuu ilibadilisha mpangilio mzima. Dola ya Uthmania ilifuta upendeleo wa kimahakama wa wageni mwaka 1914, na mkataba wa Lausanne wa 1923 ukauzika kabisa, kwa hiyo tarjumani wa mahakamani hakuhitajika tena. Berlin nayo, katika mageuzi yaliyoongozwa na Edmund Schüler, iliunganisha utumishi wa kidiplomasia na wa kibalozi. Na Mkataba wa Versailles ulikuwa umeandikwa kwa Kifaransa na Kiingereza kwa nguvu sawa, ishara kwamba Kifaransa hakitoshi tena kuwa lugha ya pamoja ya wakubwa. Mikutano ikawa mingi, lugha zikawa nyingi, na ukalimani ukawa taaluma inayojitegemea. Tarjumani wa zamani alikuwa mtu wa mji mmoja, aliyemjua kadhi kwa jina. Mkalimani mpya akawa mtu wa mikutano, anayeshuka kwenye treni na daftari lake.

Anayejulikana zaidi kati ya hao ni Paul-Otto Schmidt, aliyekuwa mkalimani katika mkutano wa Locarno mwaka 1925 na katika mkutano wa Munich mwaka 1938. Asubuhi ya tarehe 3 Septemba 1939 ndiye aliyempokea balozi wa Uingereza, Nevile Henderson, kwa sababu waziri Ribbentrop hakutaka kumpokea. Henderson akamsomea onyo la mwisho la serikali yake. Schmidt akalibeba hadi ofisini kwa Hitler, akalitafsiri polepole mbele ya watu waliokaa kimya. Alihudumia jamhuri kisha akaendelea kuhudumia utawala wa Kinazi, na mwaka 1943 akajiunga na chama chenyewe. Mtu anaweza kusema alikuwa mdomo tu. Mimi sikubali kirahisi. Mdomo una mwenyewe, na anayekubali kuukodisha miaka yote ile hana budi kulibeba hilo.

Ugumu wa kimaadili unaanzia kwenye kanuni ndogo ya kazi: mkalimani husema kwa nafsi ya kwanza. Waziri akisema "nimekasirishwa", mkalimani hasemi "anasema amekasirishwa". Anasema "nimekasirishwa". Siku nzima anasema mimi, mimi, mimi, na wala si yeye. Bila kanuni hiyo mazungumzo yangekuwa mkorogo, lakini moyo wa binadamu hauzoei kwa urahisi.

Kuna pia ugumu wa sarufi, na kwa Mswahili anayefanya kazi na Wajerumani unauma zaidi. Sikiliza sentensi hii: "Wir haben den Vorschlag, den uns Ihre Regierung am Dienstag übermittelt hat, nicht angenommen." Neno kwa neno ni: sisi tume- pendekezo, ambalo kwetu serikali yenu Jumanne imelileta, si kulikubali. Kijerumani kinaficha kitenzi na ukanushi hadi mwisho kabisa. Kiswahili kinaviweka mwanzoni kabisa: "Hatukulikubali pendekezo lililoletwa na serikali yenu Jumanne." Mkalimani hawezi hata kutoa silabi ya kwanza kabla hajajua kama ni "tu-" au "hatu-". Lazima anyamaze, abebe kichwani pendekezo, serikali na Jumanne, angoje. Msemaji akivuta pumzi katikati, chumba kizima kinamtazama mkalimani kana kwamba amesahau kazi. Hajasahau. Anangoja "nicht".

Kwenye maandishi hali ni tulivu zaidi, ila hatari ni ileile. Sehemu kubwa ya siku ya mfasiri wa ubalozi wa Ujerumani huenda kwenye nota, barua ambazo ubalozi na wizara huandikiana. Nota haina "mimi" wala "wewe". Inaanza kwa ubalozi kutoa salamu zake kwa wizara, inaeleza jambo lake kwa nafsi ya tatu, na inamaliza kwa kuihakikishia wizara heshima yake kubwa. Haitiwi saini kamili. Hupigwa muhuri na kuwekwa herufi za mwanzo za jina. Hata nota ya kulalamika huanza na salamu hizo, na mfasiri mchanga anayeziruka kwa kuziona ni maneno matupu amefanya kosa kubwa, kwa kuwa kukosekana kwa salamu ni ujumbe. Wajerumani huandika nota kwa Kijerumani na kuambatanisha tafsiri ya hisani. Tafsiri hiyo haina nguvu kisheria, lakini ndiyo ambayo ofisa wa upande wa pili ataisoma na kuitolea uamuzi. Mfasiri basi anaandika karatasi isiyohesabika ambayo kila kitu kinaitegemea.

Kuhusu hadhi yake, wengi hudhani kila anayefanya kazi ubalozini ana kinga. Wahenga walisema mjumbe hauawi, na Mkataba wa Vienna wa 1961 uliyaandika hayo kisheria, ila kwa ngazi. Mfasiri aliyetumwa kutoka Berlin kwa kawaida huhesabiwa kati ya watumishi wa utawala na ufundi: hashtakiwi kwa jinai katika nchi aliko, lakini kwa madai ya kawaida analindwa tu kwa yale aliyoyafanya kazini. Mfasiri aliyeajiriwa palepale, raia wa nchi hiyo, ana kile tu ambacho serikali yake mwenyewe itapenda kumpa. Anaketi dawati moja na mwenzake, anatafsiri nota ileile dhidi ya serikali yake, na jioni anarudi nyumbani bila ngao. Ukitazama vizuri, huyo ndiye mrithi wa zile familia za Pera.

Na neno moja bado linaweza kusimamisha mataifa. Tarehe 12 Septemba 1990, mjini Moscow, Wajerumani wa Mashariki na Magharibi pamoja na Marekani, Urusi ya Kisovieti, Uingereza na Ufaransa walisaini mkataba uliofungua njia ya kuungana kwa Ujerumani. Uliandikwa kwa Kijerumani, Kiingereza, Kifaransa na Kirusi, zote kwa nguvu sawa. Ibara ya 5 ilisema majeshi ya kigeni hayatawekwa wala kupelekwa katika eneo la iliyokuwa Ujerumani Mashariki. Neno la Kijerumani lilikuwa "verlegt". Je, kupelekwa kwa mazoezi ya wiki mbili nako kumekatazwa? Waingereza walitaka nafasi ya mazoezi, Warusi hawakutaka, na mkataba ulikaribia kukwama siku ya mwisho. Suluhisho halikuwa kutafuta neno bora. Waliliacha neno lilivyo, kisha nchi zote sita zikasaini maelezo mafupi ya pembeni: swali lolote kuhusu matumizi ya neno hilo litaamuliwa na serikali ya Ujerumani iliyoungana, kwa busara na uwajibikaji.

Rosen hakufika kuyaona hayo. Tafsiri yake ya mashairi ya Omar Khayyam ilitoka mwaka 1909, na Wajerumani wakaipenda kwa miongo mingi. Jina la mshairi alilitafsiri pia: Khayyam ni mshona mahema, na sisi tunasikia humo hema letu. Alifariki Beijing tarehe 27 Novemba 1935, akiwa amekwenda kumtembelea mwanawe Georg, aliyepewa jina la babu na kufuata kazi ya babu.

Georg alikuwa mtumishi wa ubalozi wa Ujerumani Nanjing wakati jeshi la Japani lilipouteka mji huo Desemba 1937. Japani ilikuwa rafiki wa serikali yake. Aliandika Berlin taarifa baada ya taarifa za mauaji na ubakaji aliousikia na kuuona, bila kulainisha neno. Mmisionari Mmarekani John Magee alikuwa amepiga filamu kwa siri. Georg akatuma nakala yake Berlin mwezi Februari 1938 pamoja na maelezo ya maandishi ya kila tukio, akaomba Hitler mwenyewe aonyeshwe. Mwaka huohuo akaondolewa kazini kwa sababu ya asili ya Kiyahudi ya bibi yake, yule binti wa Moscheles. Akaishi uhamishoni, na baada ya vita akarudi katika utumishi uleule, akawa balozi wa Ujerumani Uruguay kuanzia 1956 hadi 1960.